Al-Bulushi wa Rujewa: Nisba inatudai nini?

Ndani ya mwezi mmoja nimeulizwa maswali mawili kuhusu majina, moja nikiwa Mbeya na jingine nikiwa Iringa, na kila nikiyatafakari naona ni swali moja lenye ncha mbili.

La Mbeya niliulizwa na kijana mmoja pale Sokomatola, baada ya swala ya Isha. Yuko katika mchakato wa kuomba hati ya kusafiria, anataka kwenda Muscat kutafuta riziki. Jina lake ni la Kiislamu, la baba yake ni la Kiislamu, la babu yake ni la Kisangu. Amehadithiwa nyumbani kwao kwamba mzee wa zamani katika ukoo wao aliishi kwa mfanyabiashara wa Kiarabu, akasilimu mikononi mwake, na watu wakawa wanamwita mtu wa fulani. Sasa kijana anauliza: je, inafaa aliweke kando lile jina la Kisangu aandike nisba ya yule Mwarabu, yenye "Al" mbele yake? Akaongeza kwa sauti ya chini kwamba ameambiwa kule anakokwenda mtu asiye na kabila hana pa kuegemea.

La Iringa lilikuwa zito zaidi. Nilikuwa mmoja wa wazee watatu tuliopeleka posa katika nyumba moja ya mjini. Kijana wetu ni Mnyakyusa, mswalihina, ana kazi yake, na jina la ukoo wao linaanza na "Mwa" kama yalivyo majina mengi ya kwao. Tulipokewa kwa heshima zote, kahawa ikaletwa na haluwa ikaletwa. Mwisho ami yake binti akasema: "Wazee wangu, kijana tunamjua, msikitini tunaswali naye safu moja, na dini yake hatuna la kuisema. Lakini sisi tuna nisba yetu. Hao wajukuu zetu wataitwa Mwa-nani?" Mwenzetu mmoja akainamisha kichwa akawa anaangalia kikombe. Nisba ya nyumba ile sitaitaja. Majibu ya posa hadi ninapoandika hayajatoka.

Tuanze na neno lenyewe, kwa sababu wengi tunalibeba bila kulifungua. Kwa Waarabu jina la mtu lina viungo vyake. Kuna jina alilopewa siku ya akika, kuna nasaba, yaani fulani bin fulani bin fulani, kuna kuniya kama Abu Bakar na Ummu Salama, kuna lakabu, na mwisho ndiyo inakuja nisba, ambayo kwa kawaida hutanguliwa na "Al" na kumalizikia kwa "i". Nisba haina maana moja. Inaweza kuwa ya kabila, kama Al-Harthi. Inaweza kuwa ya mji, kama Al-Bukhari, mtu wa Bukhara. Inaweza kuwa ya nchi, ya kazi, hata ya madhehebu. Wanazuoni waliliona jambo hili ni elimu kamili. As-Sam'ani, aliyefariki mwaka 1166, aliandika kitabu kikubwa cha nisba tupu, kinaitwa Al-Ansab, na kazi yake ilikuwa kuwasaidia watu wa hadithi wasichanganye mpokezi huyu na yule. Yaani nisba ilihitajika kwanza ili mtu ajulikane ni yupi. Ilikuwa kama anwani.

Sasa nichukue nisba moja ambayo msomaji wa Nyanda za Juu Kusini hawezi kusema haijui: Al-Bulushi. (Narudia, si lazima iwe ndiyo ya nyumba ile ya Iringa.) Ukitoka Mbeya kwa barabara kuu kwenda Iringa, ukapita Igurusi na Chimala, unaingia katika tambarare ya Usangu, wilaya ya Mbarali, makao yake makuu Rujewa. Huko Wabulushi wamekaa vizazi kadhaa. Walioandika habari za kilimo cha bonde lile wanawataja wahamiaji wa Kibulushi, miaka mingi kabla ya Uhuru, kuwa miongoni mwa waliotangulia kulima mpunga wa mifereji, kazi ambayo leo imewafanya watu wa mjini waulize dukani kama mchele ni wa Mbeya kabla hawajauliza bei.

Wametoka wapi? Asili yao ni Makran, ule mwambao mkavu unaogawanyika leo kati ya Iran na Pakistan. Masultani wa Oman waliwaajiri kuwa askari wao, na bandari ya Gwadar ilikuwa mikononi mwa Oman tangu mwishoni mwa karne ya 18 hadi ilipouzwa kwa Pakistan mwaka 1958. Watawala wa Oman walipoutia mkono mwambao wetu, askari hawa walikuja nao. Ngome ya Yesu kule Mombasa iliwahi kulindwa na Wabulushi, na Mwingereza Richard Burton alipoingia bara mwaka 1857 walinzi aliopewa Zanzibar walikuwa ni wao. Kutoka kwenye bunduki wengine wakaingia kwenye biashara, kutoka kwenye biashara wengine wakaingia kwenye jembe. Ndivyo jina la Makran lilivyofika Usangu.

Na hapa naomba msomaji asimame kidogo. Wabulushi si Waarabu. Lugha yao ya asili ni ya jamii moja na Kifarsi na Kikurdi. Wao wenyewe hujiita Baloch, kwa "ch". Kiarabu hakina sauti hiyo, kwa hiyo Mwarabu akatamka "sh", akaweka "Al" mbele na "i" nyuma, ikawa Al-Balushi. Kiswahili, ambacho "ch" kinayo tele, kikalipokea jina kutoka mdomoni mwa Mwarabu likiwa limeshabadilika, tukasema Mbulushi. Maana yake ni kwamba hilo jina linalosikika kwetu kuwa la Kiarabu kabisa ni namna Waarabu walivyomwita jirani yao asiye Mwarabu. Muscat, mtu akijitambulisha kuwa Al-Balushi, msikilizaji anaelewa mara moja kwamba asili ya huyu ni ng'ambo ya bahari, si katika makabila ya Kiarabu. Rujewa, mtu huyohuyo na jina hilohilo, majirani zake wa Kisangu wanamwita Mwarabu. Na zama za ukoloni wa Kiingereza, serikali iliyowahesabu watu wa Tanganyika kwa mafungu ya wenyeji na wasio wenyeji, jina kama hilo lilitosha kumhamisha mtu fungu.

Basi hebu tujiulize: kama jina moja linakushusha ngazi ukiwa Muscat na kukupandisha ngazi ukiwa Rujewa, hiyo ngazi imo ndani ya jina, au imo machoni mwa wanaolisoma?

Sisemi kwamba nisba ni upuuzi itupwe. Wapo wanaosema hivyo, hasa vijana, kwamba Muislamu anatosha kuitwa Muislamu na haya mengine ni ukabila. Mimi siafikiani nao. Katika Suratul Hujurat, aya ya 13, Allah (s.w.) ametaja kwamba kutufanya mataifa na makabila ni kwa ajili ya kujuana, na ubora mbele Yake akauweka kwenye ucha Mungu. Kujuana ni jambo lenye manufaa. Mtu akijua nasaba yake anajua wa kumrithi na wa kumrithisha, anajua nani ni maharimu wake, anajua jamaa wa kuwaunga. Na katika Suratul Ahzab, aya ya 5, tumeamrishwa watu waitwe kwa baba zao. Zaid bin Haritha (r.a.), ambaye watu walikuwa wakimwita Zaid bin Muhammad kwa namna Mtume (s.a.w.) alivyomlea, akarejeshwa kwenye jina la Haritha. Tafakari hilo. Hakuna nasaba tukufu kuliko ile aliyovuliwa Zaid, na bado akavuliwa, kwa sababu haikuwa kweli.

Kwa hiyo jibu langu kwa kijana wa Mbeya lilianzia hapo. Katika Bukhari na Muslim kuna onyo kali kwa mtu anayejinasibisha na asiyekuwa baba yake hali ya kuwa anajua. Kuandika katika hati ya serikali kwamba wewe ni wa tumbo fulani la Oman, na unajua babu yako alizaliwa Usangu na Wasangu, ni ushahidi wa uongo hata kama umeandikwa kwa wino wa kawaida na afisa hakukuuliza.

Lakini yeye si mjinga, alinirudi. Akasema: "Shehe, mbona masahaba walikuwa na mawla? Mbona mtu akiachwa huru au akisilimu alihesabiwa na kabila la aliyemwacha huru au aliyemsilimisha?" Ni kweli, na hoja yake ina mizizi mirefu. Aya ileile ya Ahzab inaendelea kuwataja wale ambao baba zao hawajulikani, kwamba ni ndugu katika dini na ni mawla. Tena imepokewa kwamba mawla wa watu huhesabiwa pamoja nao. Imamu Bukhari mwenyewe, ambaye kitabu chake tunakiapia, alikuwa na nisba mbili: Al-Bukhari kwa mji aliozaliwa, na Al-Ju'fi, ambayo ni ya kabila la Kiarabu. Hakuwa wa kabila hilo kwa damu. Babu yake mkubwa, Al-Mughira, alisilimu mikononi mwa Yaman Al-Ju'fi, aliyekuwa gavana wa Bukhara, ndipo nyumba yao ikapata nisba ile. Na babu aliyetangulia kabla ya Al-Mughira aliitwa Bardizbah, akafa katika dini ya Majusi. Wanazuoni wamepokea kwamba maana ya jina hilo ni mkulima.

Tazama sasa walivyofanya. Waliandika Al-Ju'fi, na Bardizbah wakambakiza. Ukifungua tarjama ya Bukhari leo utamkuta: Muhammad bin Ismail bin Ibrahim bin Al-Mughira bin Bardizbah Al-Ju'fi. Mkulima wa Kimajusi yumo katika jina la imamu wa hadithi, zaidi ya miaka elfu moja baadaye, na hakuna aliyeona haya kumwandika. Nisba ya kusilimu iliongezwa, haikutumika kumfuta mtu. Nikamwambia kijana: ukitaka kuhifadhi kwamba babu yako alisilimu kwa mkono wa fulani, ihifadhi, hiyo ni historia na ni neema. Lakini wewe hukuniuliza kuhusu kuongeza. Ulichoniuliza ni kuhusu kumtoa babu yako Msangu.

Hapo ndipo alipoleta hoja ya Oman, na hoja hiyo haina uchokozi, ni ya tumbo. Baada ya Sultan Qaboos kushika utawala mwaka 1970 na kuwaita Waomani waliokuwa nje warejee, maelfu waliondoka Zanzibar na bara kwenda kuanza upya, na jina la kabila ndilo lililokuwa ushahidi wa asili. Mwenye kujua kabila lake na kutambuliwa na wazee wa kabila alipata njia. Tangu hapo katika nyumba nyingi za huku nisba imekuwa kama karatasi ya benki. Lakini hata huko jina la kuazima lina mwenyewe. Katika miaka ya 2000 koo mbili, Al-Tuwayya na Al-Khalifin, zililalamika kwamba serikali imewabadilishia majina na kuwaweka chini ya Al-Harthi, na wao walielewa maana yake: kwamba wametangazwa kuwa wafuasi wa wengine na si watu wenye asili yao. Mtu anayedhani ataingia Muscat na nisba ya hisani akaketi safu ya mbele ajue kwamba wenye nayo wanazijua daraja zake vizuri kuliko yeye.

Tusizunguke, kuna jambo ambalo wazee wetu hawapendi lisemwe barazani. Misafara ya karne ya 19 iliyopita nyanda hizi ilishuka pwani na pembe za ndovu, na ilishuka na watu. Wamo waliochukuliwa bara wakafia Zanzibar na Oman, na wajukuu zao leo wana nisba za nyumba zilizowamiliki. Wamo pia waliobaki huku na kupewa majina ya mabwana. Nisba hizo hazikuchaguliwa. Kumcheka mwenye nayo ni jahilia, na kumlazimisha aivue baada ya vizazi vitano ni jahilia nyingine.

Na yupo aliyeonyesha njia nyingine. Sheikh Yahya bin Abdallah wa Bagamoyo, anayejulikana zaidi kwa jina la Sheikh Ramiya, aliletwa pwani kutoka Kongo akiwa mtoto mtumwa, akakulia katika nyumba ya Amir bin Suleiman Al-Lamki. Alisoma, akawa khalifa wa Kadiria, akawa mwanachuoni mkubwa wa mji ule hadi kufariki kwake mwaka 1931. Kizazi chake hakikupata heshima kwa nisba ya Al-Lamki. Walijulikana kwa Ramiya, na jina la aliyekuwa mtumwa likageuka kuwa jina ambalo watu wa Bagamoyo walijivunia kuhusiana nalo.

Huku kwetu Iringa mfano uko karibu zaidi. Mwaka 1954 Gavana Edward Twining aliporudisha fuvu la Mkwawa Kalenga, aliyelipokea ni mjukuu wake, Chifu Adam Sapi Mkwawa, ambaye baadaye alikuwa Spika wa Bunge kwa miaka mingi. Lisome jina hilo polepole: Adam, bin Sapi, bin Mkwawa, na Mkwawa ni bin Munyigumba. Nasaba imekamilika, kila baba yuko mahali pake, Uislamu umeingia kwa Adam na Uhehe haujatolewa. Hakuna "Al" hata moja, na sijasikia mtu wa Iringa akiuliza huyo ni wa ukoo gani.

Narudi kwenye hoja ya ami, kwa sababu sitaki kumdhulumu. Kuuliza kufu si dhambi. Wengi wetu Afrika Mashariki ni Shafi, na vitabu vya Kishafi vinataja nasaba miongoni mwa mambo ya kufu, na kuiweka kuwa ni haki ya binti na walii wake ambayo wakiridhika wanaweza kuiacha. Imamu Malik yeye alitazama dini. Lakini mwenye kutegemea kitabu na akisome hadi mwisho. Nasaba inayozungumzwa mle hasa ni ya Mwarabu mbele ya asiyekuwa Mwarabu, na ya Makureshi mbele ya Waarabu wengine. Kwa kipimo hicho Mbulushi wa Makran na Mnyakyusa wa Tukuyu wanaketi mkeka mmoja, wote ni Ajam. Ukimkataa Mwa-fulani kwa kuwa hana nisba, na nisba yako yenyewe ndiyo inayotangaza kwamba wewe si Mwarabu, umeshika ukuni ukidhani ni fimbo ya ufalme. Na hiyo "Mwa" aliyoikebehi maana yake ni mtoto wa, mzao wa. Ni "bin" ya Kinyakyusa.

Aidha Mtume (s.a.w.) alimwozesha Zaid, aliyekuwa mtumwa, kwa Zainab bint Jahsh, binti ya shangazi yake. Alimshauri Fatima bint Qais, Mkureshi, aolewe na Usama mwana wa Zaid. Na Salim, mawla wa Abu Hudhaifa, ambaye baba yake hakujulikana hata akaitwa kwa aliyemlea, ndiye aliyewaswalisha Muhajirina pale Quba, na Umar bin Khattab (r.a.) yumo ndani ya safu. Sisi tunakubali kijana atuswalishe tarawehe usiku thelathini, akibisha hodi na posa ndiyo tunaikumbuka Makran.

Kitu kimoja bado kinanisumbua, nacho ni wakina mama. Nisba hupita kwa baba, na hivyo ndivyo sheria ilivyo, sina ugomvi nayo. Lakini askari na wafanyabiashara waliofika Usangu wengi wao walikuja peke yao, wakaoa huku. Mbulushi wa Rujewa wa leo, ukihesabu mababu na mabibi zake wote bila kuruka hata mmoja, huenda wengi wao walizaliwa Utengule na Ubaruku. Katika jina lake wote hao hawamo. Ardhi aliyolima babu, lugha aliyowaimbia watoto, na ujuzi wa maji yapi hukauka mwezi gani, vyote vilikuja kwa upande usioandikwa.

Mwaka jana nilikaa na mzee mmoja wa Rujewa, nikamwomba anitajie nasaba yake. Alinitajia mababa saba bila kusita, hadi yule aliyepanda jahazi Gwadar. Nikamuuliza: na mama aliyemzaa baba yako, yule Msangu, aliitwa nani? Akanyamaza, akatabasamu, akamwita dada yake aliyekuwa jikoni. Dada akaja anafuta mikono kwa kanga, akalitaja jina la bibi yule papo hapo, na la kijiji chake, na akatuonyesha kwa kidole upande ulipopita mfereji wa baba yake.